Mbwa Mkali, Paka Mchafu, Punda Mkaidi: Anachokisoma Daktari wa Mifugo Katika Tabia

Mtu anayempeleka mbwa wake kwa daktari wa mifugo kwa mara ya kwanza hapa Nairobi aghalabu hurudi nyumbani akiwa na mshangao. Alikwenda akitarajia mnyama apimwe joto, adungwe sindano na aandikiwe dawa, lakini muda mwingi ukaishia kwenye maswali ambayo kwake hayakuwa na uhusiano wowote na ugonjwa: mbwa analala wapi, anapanda ngazi kama zamani au anasita, ameanza lini kuwabwekea watoto anaowafahamu, anakunywa maji kiasi gani, nani anamlisha. Wapo wanaodhani kwamba daktari anavuta muda ili ada iongezeke. Wapo pia, hasa baada ya habari za mbwa kumuuma mtu mtaani kuenea katika makundi ya WhatsApp ya wakazi, wanaoamua kwamba mbwa mkali ni suala la polisi au la maafisa wa kaunti, na kwamba daktari hahusiki hata kidogo. Maswali hayo ni sehemu ya tiba yenyewe, na mtu akielewa yanatafuta nini, ataelewa pia kwa nini wanyama wengi wanaochapwa, kufukuzwa au kuuawa kwa ajili ya ubaya wao walikuwa wagonjwa.

Mkanganyiko unaanzia kwenye neno lenyewe. Katika Kiswahili cha kila siku, tabia ni kipimo cha maadili; tunasema kijana huyu ana tabia njema, yule hana tabia. Tunapomvika mnyama neno hilo, hukumu yake nayo hufuata, ndiyo maana paka anayekojoa juu ya godoro huitwa mchafu, punda anayekataa kuvuta mkokoteni huitwa mkaidi, na ng'ombe anayempiga mkamuaji teke huitwa mtukutu. Wataalamu wa wanyama hulitumia neno hilo bila kuhukumu. Kwao, tabia ni kila anachokifanya mnyama ambacho mtu anaweza kukiona au kukisikia: kula, kulala, kulamba, kujikuna, kulia, kujificha, kusimama pembeni mwa wenzake, na hata kutofanya chochote wakati ambapo kwa kawaida angefanya jambo.

Elimu inayochunguza mambo hayo huitwa etholojia. Ilianza kuheshimiwa sana katika karne ya 20 kupitia watafiti kama Konrad Lorenz, Nikolaas Tinbergen na Karl von Frisch, ambao walitumia miaka mingi wakiwatazama ndege, samaki na nyuki wakiendelea na maisha yao. Watatu hao walipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1973, na inafaa kukumbuka kwamba tuzo waliyopewa ni ile ya fiziolojia au tiba. Tinbergen alikuwa ameeleza, mwaka 1963, kwamba tabia yoyote inaweza kuulizwa maswali manne: nini ndani ya mwili au katika mazingira kimeichochea sasa hivi, mnyama aliipataje katika kukua kwake, inamsaidiaje kuishi na kuzaa, na ilitokeaje katika historia ndefu ya jamii yake. Daktari wa mifugo huanzia kwenye swali la kwanza, kwa kuwa hapo ndipo ugonjwa hujificha, ingawa mara nyingi hawezi kulijibu vizuri bila kuyagusa yale mengine.

Mlezi wa mtoto mchanga anaifahamu kazi hii bila kufundishwa. Mtoto hasemi tumbo linamuuma. Anakataa titi, anakunja miguu, analia kilio ambacho si cha njaa wala cha usingizi, na mama anakitambua kwa sababu anaijua hali ya kawaida ya mwanawe. Mnyama naye ni mgonjwa asiyeweza kujieleza, isipokuwa kwamba daktari hamjui kama mama anavyomjua mtoto. Ndiyo sababu anamuuliza mwenye mnyama. Anatafuta hali ya kawaida ya mnyama huyu mmoja ili apime ni wapi alipoiacha.

Tuanze na jambo linaloonekana dogo. Mnyama mwenye homa hulala, hujitenga, huacha kula, huacha kujisafisha. Kwa muda mrefu watu waliona huo kuwa udhaifu tu, kwamba mwili umeshindwa. Mwaka 1988 Benjamin Hart, daktari wa mifugo wa Chuo Kikuu cha California mjini Davis, alichapisha makala iliyopinga mtazamo huo, akieleza kwamba hali hiyo ni mpango wa mwili wenyewe. Vimelea vinapoingia, chembe za kinga hutoa kemikali zinazoufikia ubongo na kuuamuru kubadilisha mwenendo: joto lipandishwe ili vimelea visistawi, mnyama alale ili nguvu zisitumike ovyo. Ni kama nyumba ambamo mmoja ameugua ghafla; wenyewe hufunga kibanda cha biashara, huahirisha safari, na pesa zote huelekezwa hospitalini. Anayepita nje huona kibanda kimefungwa na kusema watu hawa wamekuwa wavivu. Hali hii wataalamu huiita tabia ya ugonjwa, na thamani yake kwa daktari ni kwamba mara nyingi hujitokeza kabla ya kikohozi, kabla ya uvimbe, na kabla ya jambo lolote linaloweza kupimwa kwa kifaa.

Wafugaji wa ng'ombe wa maziwa wa Dagoretti, Kikuyu na Ruai huishi kwa elimu hii hata kama hawaiiti kwa jina. Ng'ombe mzima hucheua kwa jumla ya takriban saa saba au nane kila siku. Mfugaji anayeingia zizini jioni na kukuta ng'ombe wote wamelala wanacheua isipokuwa mmoja aliyesimama akiangalia ukuta amekwisha kuona dalili ya kwanza, hata kama maziwa bado hayajapungua. Ng'ombe anayepinda mgongo, anayeguna anaposimama na kusitasita kushuka mteremko humfanya daktari afikirie msumari au kipande cha waya kilichomezwa pamoja na chakula na sasa kinachoma tumbo kuelekea moyoni. Hata uzazi husomwa kwenye tabia: ng'ombe aliye kwenye joto, yaani aliye tayari kupata mimba, husimama tuli akipandwa na wenzake, jambo linalorudi kila baada ya siku 21 hivi, na kusimama huko hudumu chini ya siku moja. Kwa hiyo aliyeonekana asubuhi hupandishwa jioni, na aliyeonekana jioni hupandishwa kesho yake asubuhi. Mfugaji ambaye hakuwa zizini kutazama hulipia kwa kusubiri wiki tatu nyingine bila mimba.

Ugumu unaongezeka tunapofika kwenye maumivu, kwa sababu wanyama wengi huyaficha. Mnyama anayewindwa na wengine hana faida ya kutangaza kwamba mguu unamuuma; simba na fisi huchagua anayechechemea. Punda ndiye mfano unaoniumiza zaidi, kwa kuwa tunamwona kila siku akivuta maji na mchanga pembezoni mwa jiji. Farasi mwenye maumivu makali ya tumbo hujibwaga chini na kugaagaa, kila mtu akajua. Punda mwenye maumivu yale yale huweza kusimama tu, kichwa kimeinama, masikio yamelegea, akiacha kula. Mwenye mkokoteni anaona punda aliyetulia au aliyegoma. Kumbe punda anayeacha kula kwa siku chache tu, hasa akiwa mnene au mwenye mimba, huingia katika hatari nyingine mbaya: mwili wake huyeyusha mafuta kwa kasi mpaka yanajaa kwenye damu na kuharibu ini, na wengi hawaponi. Wahenga walisema shukrani ya punda ni mateke. Daktari akiambiwa kwamba punda ameanza kupiga mateke anapofungwa lijamu au kuwekewa nira, kwanza atainua kwato, atakagua vidonda chini ya kamba, na atafungua kinywa atazame meno, kwa kuwa punda hula kwa kusaga na jino lenye ncha linaweza kumkata shavu kila anapotafuna.

Paka naye ni bingwa wa kuficha. Kwa sababu hiyo watafiti wa Chuo Kikuu cha Montréal, Kanada, walitoa mwaka 2019 kipimo cha kusoma maumivu kwenye uso wa paka, kikitazama mambo matano: masikio yamekaa vipi, macho yamefinywa kiasi gani, mdomo na pua vimekaza au vimelegea, ndevu zimenyooka au zimejipinda, na kichwa kimeinuliwa au kimeshuka chini ya mabega. Hapo awali kipimo cha namna hiyo kilikuwa kimebuniwa kwa panya wa maabara. Nimekitaja kwa sababu kinaonyesha waziwazi jinsi kusoma tabia na kutibu kulivyo kitu kimoja: daktari anamtazama mnyama usoni, anatoa alama, na alama hizo zinamwongoza kuamua iwapo dawa ya maumivu inahitajika.

Kuna kosa hapa ambalo ni lazima lisemwe kwa uwazi. Mwenye paka akishatambua kwamba paka wake ana maumivu, asimpe dawa ya binadamu. Mwili wa paka hauwezi kuivunja parasitamoli kama wetu unavyoweza, na kidonge kimoja cha miligramu 500 kinaweza kumwua.

Turudi kwa yule paka anayekojoa kitandani. Nyumba nyingi humtoa nje na mlango ukafungwa. Paka anayekojoa mahali pasipo pake anaweza kuwa na mawe kwenye kibofu, kisukari, ugonjwa wa figo, au viungo vilivyozeeka vinavyomfanya ashindwe kuruka ukuta wa kisanduku chake cha haja. Akiwa dume, na akiwa anachuchumaa mara kwa mara huku akilia na mkojo hautoki, hiyo ni dharura ya siku hiyo hiyo. Njia imeziba, na asipozibuliwa anaweza kufa ndani ya siku chache. Wenye paka wengi huona kule kujikamua na kudhani ni kufunga choo, wakampa mafuta ya kula na kusubiri asubuhi.

Jambo la ajabu ni kwamba kibofu cha paka kinaweza kuvimba pasipo kiini chochote kuonekana, hakuna mawe wala bakteria. Kazi ya Tony Buffington wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Ohio, Marekani, ilionyesha kwamba kwa paka wengi wa aina hiyo msongo ni sehemu kubwa ya ugonjwa: wamehamishiwa nyumba mpya, ameletwa paka mwingine, au jirani anajenga na nyundo hazinyamazi. Tiba yao inajumuisha mahali pa kujificha, vyombo vya maji na chakula vilivyotenganishwa, na ratiba isiyobadilika-badilika. Hapo mwelekeo umegeuka. Mwanzoni tulikuwa tunaona ugonjwa ukibadilisha tabia. Sasa hali ya akili ya mnyama na makazi yake vinazaa ugonjwa wa mwili.

Mbwa ndiye anayeleta ubishi mkubwa zaidi mtaani, na hapa nitaeleza kisa cha nyumbani kwetu. Tulikuwa na mbwa wa miaka tisa, mpole kiasi kwamba watoto walikuwa wakimlalia. Siku moja mtoto wa dada yangu alimkumbatia shingoni, na mbwa akageuka na kumwuma mkono. Jeraha lilikuwa dogo lakini nyumba nzima ilitikisika. Mtoto alipelekwa hospitalini, na jioni hiyo wazee wawili wa familia walikwisha kukubaliana kwamba mbwa aondolewe. Tulikubali kungoja kwa sababu moja tu, ile ya kumweka chini ya uangalizi wa siku 10 ili ijulikane kama ana kichaa cha mbwa, ambayo nitaieleza hivi punde. Daktari alipomchunguza alikuta sikio la kushoto limeoza ndani, usaha umejaa, na mbwa alipiga yowe alipoguswa chini ya taya. Kukumbatiwa shingoni, ambako kwa miaka tisa kulikuwa ni mapenzi, sasa kulikuwa ni kuchomwa. Alitibiwa akapona. Lakini kwa miezi kadhaa aliendelea kuondoka kila alipomwona yule mtoto akimjia kwa kasi, kwa kuwa maumivu yalikuwa yameisha na funzo lake lilikuwa limebaki. Ilibidi tumzoeze upya, hatua kwa hatua, kwa vipande vya nyama na kwa kumfundisha mtoto kungoja mbwa aje mwenyewe.

Kisa hicho si cha ajabu. Daniel Mills wa Chuo Kikuu cha Lincoln, Uingereza, na wenzake waliandika mwaka 2020 kwamba, kwa makadirio ya tahadhari, karibu theluthi moja ya visa vya tabia wanavyoletewa vinahusisha maumivu ya aina fulani, na kwamba katika baadhi ya makundi ya visa kiwango kinaweza kukaribia asilimia 80. Ndiyo sababu mkufunzi wa mbwa mwenye kuijua kazi yake hukataa kuanza kumrekebisha mbwa mkali mpaka daktari amkague kwanza.

Badala ya hivyo, nyumba nyingi hufuata imani mbili zilizozoeleka. Ya kwanza ni kwamba mbwa anapigania ukuu ndani ya nyumba na lazima ashindwe kwa nguvu. Imani hiyo ina asili: mwaka 1947 mtafiti Rudolf Schenkel aliandika kuhusu mbwa mwitu wa Ulaya waliofungiwa pamoja, waliopigana wakigombea nafasi, na watu wakahitimisha kwamba kila mbwa anaishi hivyo. Baadaye David Mech, mtafiti Mmarekani aliyewafuatilia mbwa mwitu wakiwa huru, alieleza mwaka 1999 kwamba kundi la porini kwa kawaida ni baba, mama na watoto wao. Imani ya pili ni yetu zaidi: kwamba mbwa wa ulinzi afungiwe bandani mchana kutwa, alishwe nyama mbichi au pilipili, ndipo awe mkali usiku. Pilipili inamchoma tumbo. Kufungiwa kunamnyima mambo ya kujifunza, hasa akiwa mdogo, kwa maana kati ya wiki ya tatu na takriban ya kumi na nne ya maisha yake mtoto wa mbwa huzoea watu, sauti na vitu kwa urahisi ambao haurudi tena. Mbwa asiyeona watu katika kipindi hicho hukua akiwaogopa, na mbwa mwoga huuma yeyote: mwizi, mgeni, na mtoto wa mwenye nyumba.

Katika kipindi hicho hicho daktari hujikuta na mizani ngumu. Chanjo za mtoto wa mbwa hukamilika akiwa na wiki 16 hivi, na ugonjwa wa parvo, ambao umeua watoto wengi wa mbwa jijini, huweza kukaa kwenye udongo kwa miezi. Ukimficha ndani mpaka chanjo ziishe, dirisha la kuzoea limefungwa. Ukimwachia azurure, anaweza kufa. Ushauri ambao mimi naona ni wa busara ni kumbeba mikononi akaone barabara, pikipiki na watu wa kila namna bila kumweka chini mahali wanapopita mbwa wasiojulikana, na kumkutanisha na mbwa wazima waliochanjwa.

Nimeahidi kueleza kuhusu kichaa cha mbwa, na hapa tabia na tiba haviachani hata kwa unywele, kwa sababu mnyama anapokuwa hai dalili pekee ya ugonjwa huu ni mwenendo wake. Virusi huingia kupitia jeraha, husafiri polepole kwenye mishipa ya fahamu kwa wiki au miezi, hufika kwenye ubongo, kisha huteremka kwenye tezi za mate. Vikiwa kwenye ubongo humbadilisha mnyama. Vikiwa kwenye mate humpa silaha. Shirika la Afya Duniani linasema mbwa ndio chanzo cha hadi asilimia 99 ya maambukizi ya binadamu, na kwamba asilimia 40 ya wanaoumwa na wanyama wanaoshukiwa ni watoto walio chini ya miaka 15. Kenya ilizindua mwaka 2014 mpango wa kumaliza vifo vya binadamu vinavyotokana na kichaa cha mbwa ifikapo 2030, ukitegemea kuchanja angalau asilimia 70 ya mbwa.

Watu wengi wanamtarajia mbwa mwenye kichaa awe anakimbia ovyo, anatokwa na povu na anaogopa maji. Kuogopa maji ni dalili ya binadamu. Mbwa mgonjwa anaweza kuyasogelea maji na asiweze kuyameza. Na ipo sura nyingine ya ugonjwa isiyo na fujo kabisa: mbwa hupooza, taya hulegea, mate hutiririka, sauti hubadilika, hujificha gizani. Ng'ombe huweza kulia bila kukoma na kushindwa kumeza, mfugaji akadhani amekabwa na kiazi au gunzi la mahindi na kutia mkono mtupu kinywani ili akitoe. Mkono huo umeingia kwenye mate yenye virusi. Mnyama wa porini anayepoteza woga na kuja uani kama amefugwa ni wa kuogopwa kwa sababu hiyo hiyo. Kwa hiyo swali la maana zaidi ni iwapo mnyama amebadilika: mpole amekuwa mkali, mkali amekuwa mpole, mwenye kelele amenyamaza.

Zile siku 10 za uangalizi zinatokana na safari ya virusi niliyoieleza. Mbwa au paka huanza kutoa virusi kwenye mate siku chache tu kabla ya kuugua waziwazi, na akishaugua hufa haraka. Akiwa bado mzima siku ya kumi baada ya kuuma, mate yake hayakuwa na virusi siku ile. Ndiyo maana kumpiga mbwa rungu la kichwa na kumzika ni kupoteza ushahidi: akiwa hai angeangaliwa, na akifa ubongo wake ungepimwa kwenye maabara ya serikali ya Kabete, kazi isiyowezekana ubongo ukiwa umesagika. Aliyeumwa hasubiri matokeo hayo. Anaosha jeraha kwa maji mengi na sabuni kwa dakika 15, anakwenda hospitalini siku hiyo hiyo kuanza chanjo, na inaweza kusimamishwa baadaye iwapo mnyama atathibitika kuwa mzima. Dalili zikishaanza kwa binadamu, karibu hakuna anayepona.

Nirejee kwenye ule mwelekeo wa pili, wa tabia kuleta ugonjwa, kwa kuwa jiji letu lina mfano wake. Kabla ya mifuko ya plastiki kupigwa marufuku tarehe 28 Agosti 2017, wachinjaji walizoea kukuta matumbo ya mbuzi na ng'ombe wa mjini yamejaa mafundo ya plastiki. Mnyama hula takataka kwa njaa, au kwa kutafuta chumvi na mabaki ya chakula yaliyoshikamana na mfuko. Kula mifupa na udongo kwa pupa huweza kuwa ishara kwamba malisho yamepungukiwa na madini kama fosforasi. Daktari akipasua tumbo na kutoa plastiki bila kuuliza kwa nini mnyama aliila, atalipasua tena.

Woga nao huvuruga vipimo. Paka aliyeletwa kliniki ndani ya gunia, kwenye matatu iliyojaa watu, hufika moyo ukimdunda, na sukari ya damu huweza kupanda kwa hofu peke yake mpaka afanane na mwenye kisukari. Ng'ombe aliyepigwa na kukimbizwa kabla ya kuchinjwa humaliza akiba ya sukari kwenye misuli, na nyama yake hutoka nyeusi, kavu na isiyodumu, jambo ambalo mnunuzi hulitambua hata kama hajui sababu. Temple Grandin, mtaalamu Mmarekani, alijenga kazi yake yote juu ya kuelewa ng'ombe anaona nini: kivuli sakafuni, mnyororo unaoning'inia, koti lililotundikwa ukutani. Vitu hivyo vikiondolewa, ng'ombe hupita mwenyewe bila kiboko, na daktari hupata wa kuchanja aliyetulia.

Hakuna mahali ambapo haya yamethibitika kwa uchungu kama kwa tembo yatima wa Sheldrick, ambao kituo chao kiko ndani ya Mbuga ya Taifa ya Nairobi. Daphne Sheldrick, mwanzilishi wake, alihangaika miaka mingi kupata maziwa yanayomfaa ndama wa tembo, kwa kuwa mafuta ya maziwa ya ng'ombe yaliwaua, na mafuta ya nazi yakasaidia kuleta jibu. Hata hivyo ndama aliyeitwa Aisha, aliyekwisha kuzoea maziwa hayo, alikufa Daphne alipoondoka kwa ajili ya harusi ya binti yake. Chakula kilikuwepo, mama hakuwepo. Kwa funzo hilo walezi wa kituo hulala na ndama na hupokezana, ili ndama aipende familia nzima na asimtegemee mtu mmoja. Ratiba ya walezi ni sehemu ya matibabu pale, sawa na chupa ya maziwa.

Si kila tabia ni ugonjwa. Mbuzi hupanda juu ya vitu, kuku huchakura, mbwa hubweka, na mnyama anayefanya yaliyo ya asili yake huhitaji nafasi tu. Kazi ya daktari ni kutenganisha: anasikiliza historia, anapapasa mwili, anapima damu au mkojo pale inapohitajika, na akimaliza kuondoa maumivu na maambukizi ndipo anazungumzia mafunzo, mazingira, au, kwa mnyama mwenye wasiwasi uliopita kiasi, dawa za kutuliza akili zinazotolewa sambamba na mafunzo hayo. Anayetaka kumsaidia daktari aende na mambo ambayo kliniki haiwezi kuyaona. Mnyama akifika pale hujikaza, mchechemeo hupotea, mkali hugeuka kuwa mwoga. Video ya dakika moja ya simu, ikimwonyesha akipanda ngazi ya nyumbani asubuhi au akila akitumia upande mmoja wa kinywa, pamoja na tarehe ambayo jambo hilo lilionekana kwa mara ya kwanza, humpa daktari kile ambacho angeweza kukitafuta kwa siku nzima akiwa na mnyama mezani.